Keki ya Tufaha na Moto wa Kupalia

Ibn Battuta, msafiri wa Tanja aliyeshuka pwani yetu mwaka 1331, alipokuwa Mogadishu aliandaliwa wali uliotiwa samli, ndizi zilizopikwa kwa maziwa, achari ya ndimu na ya pilipili, tangawizi mbichi na maembe. Na alipotaka kuwaeleza watu wa kwao Magharibi tunda hilo la mwisho, ambalo wengi wao hawakupata kulitia machoni, alisema kwamba embe ni mfano wa tufaha ila lina kokwa. Nimeyasoma maneno hayo mara nyingi, na kila mara hunifurahisha kuona kwamba tufaha limeingia katika habari za pwani hii likiwa kipimo tu, kitu alichokuja nacho mgeni katika kumbukumbu yake ili apimie utamu wa kwetu. Na baina ya siku ile na siku ambayo mwanamke wa Mombasa au wa Unguja alilikata tufaha la kweli akalipanga katika kikaango chake, zilipita karne nyingi.

Keki ya tufaha ya kikaangoni, ile ipikwayo nyumbani bila ya tanuri, kwa siagi, sukari, mayai, unga wa ngano na matufaha matatu, huhesabiwa na wengi kuwa ni chakula cha kigeni kilichoingia pamoja na vitabu vya mapishi vya Kizungu. Mimi naona ugeni wake ni wa tunda zaidi kuliko wa mapishi. Namna ya kuipika ilikuwamo mekoni mwetu kabla ya tunda lenyewe kuwasili, na hayo ndiyo nitakayo kuyaeleza.

Jina lilitangulia tunda. Tuffah ya Waarabu ilipata makao pwani ikawa tufaha, na katika vinywa vya wengine tofaa. Lakini kwa kuwa mwenyewe hakuwapo, jina likavishwa mti mwingine, mtufaha wa mashamba ya Unguja na Pemba, uliotoka visiwa vya Malay, ambao ni ndugu wa mkarafuu na mzambarau, nao hutandika chini yake zulia la maua mekundu ya waridi kabla ya kuzaa matunda yenye nyama nyeupe, maji mengi, na harufu ya marashi kwa mbali. Tunda hilo ni faraja kubwa adhuhuri ya kaskazi, wala silidharau hata kidogo, ila kwa keki halifai, maana uzuri wake wote ni maji. Lilipokuja lile jingine madukani ikalazimu kubainisha, na wapo waliokata shauri kuliita epo ili kuondoa shaka.

Tufaha la kweli ni tunda la baridi. Asili yake ni misitu ya milima ya Tian Shan, upande wa Kazakhstan, karibu na mji wa Almaty, ambao jina lake limetokana na neno la tufaha katika lugha ya wenyeji. Na kutoka huko misafara ya biashara ililichukua magharibi mpaka Uajemi na Iraki, na baadaye Ulaya yote. Katika Alfu Lela Ulela imo hadithi ya kijana wa Baghdad ambaye mkewe alikuwa mgonjwa akatamani tufaha, naye, asipolipata mjini, akasafiri siku kumi na tano kwenda na kurudi mpaka Basra, akapewa matatu kwa dinari tatu katika bustani ya khalifa. Yaliyofuata ni huzuni tupu, lakini bei ile na safari ile hutuonyesha kadiri ya thamani ya tunda hilo katika fikira za watu wa zama hizo. Kitabu cha mapishi alichokiandika al-Baghdadi mwaka 1226 kina chakula kiitwacho tuffahiyya, yaani nyama iliyopikwa kwa matufaha makali, kwa hivyo kulipeleka tufaha motoni si uvumbuzi wa juzi wala wa Ulaya peke yake.

Lakini mti huu haukuweza kutufuata pwani. Mtufaha wa baridi hulala usingizi katika majira ya baridi, na macho ya matawi yake yataka mamia ya saa za ubaridi kabla ya kufumbua maua barabara. Ukipandwa penye joto la mwaka mzima hutoa majani na kusahau matunda. Wala mbegu yake si ya kuaminika, kwa kuwa haizai tunda lililo sawa na la mama yake, na atakaye tufaha lile lile hana budi kuunga kijiti cha mti ule katika shina la mwingine. Ndiyo sababu ulipofika Afrika kusini mwa Ikweta ulitafuta kwanza ubaridi: Rasi ya Tumaini Jema, ambako Jan van Riebeeck aliandika habari ya matufaha ya kwanza kuchumwa mwaka 1662, na baadaye vilima vya Usambara, ambako Wajerumani walipanda miti ya kwao, na mpaka hivi leo magari yatokayo Lushoto huteremsha matufaha, mapeasi na maplamu. Mengi yauzwayo Dar es Salaam na Mombasa hutoka Afrika Kusini, ni makubwa na yamepangwa vizuri katika karatasi zake. Lakini kwa keki mimi hulipendelea la Lushoto, dogo, gumu kidogo, lenye ukali unaopigana na sukari.

Sasa nije kwenye moto, ambao ndio kiini cha maneno yangu. Keki haiivi kwa moto wa chini peke yake, kwani chini itaungua ilhali juu ingali uji. Mwenye tanuri hana shida, maana joto hukizunguka chombo pande zote. Lakini tanuri la nyumbani, katika sehemu kubwa ya dunia na kwa sehemu kubwa ya taarikhi, lilikuwa mali ya wachache. Pwani ilikuwa na matanuri ya chokaa na ya waoka mikate. Ilikuwa pia na mofa, chombo cha udongo ambacho donge la unga wa mtama hubandikwa kwenye kuta zake zenye moto, na jina hilo hilo la mofa hutumika Yemen, jambo linalotuonyesha njia uliyopita mkate huo. Hayo yote ni ya donge linaloshikana. Unga uliolegea, unaomiminwa kama maji mazito, hauwezi kubandikwa ukutani, na kwa huo wanawake wa pwani walikuwa na hikima nyingine, nayo ni kupalia.

Kupalia moto ni kuyachota makaa mekundu na kuyatandaza juu ya mfuniko, ili chakula kipate joto la juu na la chini kwa pamoja. Wali hupaliwa unapokauka maji, ukatoka umechambuka punje kwa punje. Mkate wa kumimina, wa mchele ulioroweshwa na kusagwa pamoja na tui la nazi, ukatiwa hamira, sukari na iliki ukaachwa uumuke, humiminwa katika chombo kilichokwisha kupata moto, na unapoanza kutoboka vishimo usoni hufunikwa na kupaliwa mpaka ukawa na rangi ya dhahabu. Mkate wa mayai huokwa vivyo hivyo, nao una dhiki zaidi, kwa sababu hauna hamira: umbo lake lote ni pumzi iliyotiwa kwa kuyapiga mayai na sukari, na mfuniko ukifunuliwa kabla ya wakati mkate huo hunywea mbele ya macho ya mpishi.

Elimu yake imo katika kugawa makaa. Mgeni wa kazi hii hudhani kwamba moto mkubwa uwe chini kama katika mapishi mengine, naye huharibu. Mjuzi huweka chini machache yaliyokwisha kufanya majivu, na juu akaweka mengi, kwa kuwa joto kwa tabia yake hupanda, la chini likaingia lote chomboni, na la juu likapotea nusu yake hewani. Wale waliotumia makaa ya vifuu vya nazi walijua ukali wake, wakayahesabu. Wenye seredani ndogo walizidisha juu kidogo kidogo. Sijui kazi nyingine ya jikoni ambayo mtu huipima kwa kiasi hicho bila ya chombo cha kupimia.

Hikima hii haikuwa ya pwani pekee. Mwaka 1707 Abraham Darby, Mwingereza, alipata hati ya kulinda namna yake ya kusubu vyungu vya chuma katika mchanga, na tangu hapo vyombo vya chuma vizito vikapatikana kwa bei ambayo watu wa kawaida waliiweza. Walowezi wa Marekani walitumia vyungu vya chuma vyenye miguu mitatu, vya kusimama juu ya makaa, na mfuniko wenye ukingo ulioinuka ili makaa ya juu yasimwagike. Na kikaango chenye miguu mirefu walikiita buibui. Wafaransa wa mashamba nao walikuwa na mfuniko wa chuma wa kubebea makaa, na huko Lamotte-Beuvron, mwishoni mwa karne ya 19, akina dada wawili wa nyumba ya Tatin waliipa hoteli yao umaarufu kwa matufaha yaliyoiva katika siagi na sukari chini ya donge la unga, kisha yakapinduliwa. Husemwa kwamba chakula hicho kilizaliwa kwa kosa la mpishi mwenye haraka. Siisadiki sana habari hiyo, kwani kupindua matunda ya kikaangoni ni jambo la akili, nalo lilijulikana mahali pengi.

Kilichobaki ni cha kuumulia. Amelia Simmons, katika kitabu chake kilichopigwa chapa Hartford mwaka 1796, aliandika juu ya kutumia chumvi iliyotolewa katika majivu ya kuni. Mwaka 1843 Alfred Bird wa Birmingham akatengeneza unga wa kuumulia kwa ajili ya mkewe asiyepatana na hamira. Na unga huo ulipoenea, keki ikawa kazi ya saa moja.

Basi haya yote yakikutana, mapishi ni mepesi. Katika kikaango kizito huyeyushwa siagi vijiko viwili na sukari vijiko vitatu mpaka ipate rangi ya asali, na matufaha matatu yaliyomenywa na kukatwa vipande vyembamba hupangwa duara na kunyunyizwa mdalasini. Mayai mawili hupigwa na nusu kikombe cha sukari, yakaongezwa siagi kidogo iliyoyeyuka, maziwa nusu kikombe, na kikombe kimoja na nusu cha unga uliochekechwa pamoja na vijiko viwili vidogo vya unga wa kuumulia. Iliki si ya asili ya keki hii, nami huitia bila ya kuomba ruhusa ya mtu. Humiminwa juu ya matufaha, mfuniko ukafungwa, makaa matatu manne yakabaki chini na yaliyobaki yote yakapanda juu. Saa haina kazi hapo. Harufu ya mdalasini ikianza kupenya ukingoni mwa mfuniko, makaa ya chini huondolewa, na ya juu huachwa yafe yenyewe.