Mfahamu Ayub Ogada, mwenye wimbo wa nyatiti kwenye The Constant Gardener

Wadau, juzi kwenye kibanda cha video hapa Ihanda waliweka The Constant Gardener, ile filamu ya 2005 iliyopigwa Kenya. Ilipoisha ubishi ukaanza juu ya ule wimbo wa nyatiti. Jamaa mmoja alikuwa kaliona jina la Alberto Iglesias, akakomaa kwamba Mzungu ndiye kaupiga. Nikamwambia hapana bwana, yule ni Mjaluo.

Ayub Ogada alizaliwa Mombasa mwaka 1956. Mwaka 1979 alikuwa mmoja wa waanzilishi wa African Heritage Band ya Nairobi, na kwenye Out of Africa (1985) aliigiza kwa jina la Job Seda. Mwaka 1986 akaenda Uingereza, akawa anapiga nyatiti kwenye vituo vya treni za chini ya ardhi London, wapita njia wanamtupia sarafu. Kwa wasioijua, nyatiti ni ala ya Wajaluo yenye nyuzi 8. Sisi tuliokulia kwenye magitaa ya Kizambia mwanzoni tunaiona kavu, halafu inakuingia taratibu mpaka basi.

Albamu yake En Mana Kuoyo ilitoka 1993 kwa Real World, lebo ya Peter Gabriel. Humo ndimo ulimo Kothbiro, yaani mvua inakuja.

Sasa watu wanapochanganya ni hapa. Kuna muziki unaotungwa kwa ajili ya filamu, mtunzi anaangalia picha na kupima sekunde. Hiyo aliifanya Iglesias, Mhispania, akateuliwa Oscar, ila mwaka 2006 tuzo ikaenda kwa Gustavo Santaolalla wa Brokeback Mountain. Halafu kuna wimbo uliokuwepo tayari, unaombewa ruhusa mara mbili: kwa mwenye utunzi na kwa mwenye rekodi. Kothbiro uliingia kwa mlango huo, miaka 12 baada ya albamu kutoka. Oscar ya muziki haihesabu nyimbo za namna hiyo, hata kama ndizo watu wanatoka nazo midomoni.

Hilo la ruhusa linaniuma. Niliwahi kurekodi wimbo, mwaka uliofuata nikausikia kwenye filamu moja ya CD, jina langu halimo. Sikuwa na karatasi hata moja ya kuonyesha.

Ogada alirudi Kenya, akafariki tarehe 1 Februari 2019 huko Nyahera, Kisumu. Mwenye CD ya En Mana Kuoyo pande za Vwawa au Tunduma anistue, nitaifuata mwenyewe.