Benki ya Maziwa ya Mama

Benki ya maziwa ya mama ni kitengo cha hospitali kinachopokea maziwa ya ziada ya akina mama wanaonyonyesha, kuyapima na kuyapasha joto, kisha kuwapa watoto wachanga ambao mama zao wamefariki, wanaugua au maziwa hayajatoka. Wanaotangulizwa ni njiti, yaani waliozaliwa kabla ya wakati, kwa kuwa maziwa ya kopo huwaongezea hatari ya ugonjwa wa utumbo kuoza. Nchini Kenya, benki ya kwanza ilifunguliwa 2019 katika Hospitali ya Uzazi ya Pumwani, Nairobi, zaidi ya kilomita 300 kwa barabara kutoka kaunti za Migori na Homa Bay, kando ya Ziwa Viktoria.

Mtoaji hujitolea bila malipo. Huulizwa kuhusu dawa, pombe na sigara, kisha damu yake hupimwa VVU, homa ya ini na kaswende. Katika kaunti hizo za kando ya ziwa, kipimo cha VVU ndicho kizito. Utafiti wa kitaifa wa KENPHIA wa 2018 ulikuta maambukizi ya asilimia 19.6 kwa watu wazima wa Homa Bay na 13.3 Migori, ilhali wastani wa nchi ulikuwa 4.9. Kwa hiyo jirani anayemnyonyesha mtoto aliyefiwa na mama, hata kwa huruma tupu, anaweza kumtia hatarini. Mama mwenye VVU anayetumia dawa hushauriwa kumnyonyesha mwanawe mwenyewe, lakini benki haipokei maziwa yake.

Maziwa hukamuliwa kwa mkono au pampu, hugandishwa, kisha chupa hupashwa joto la nyuzi 62.5 za Selsiasi kwa dakika 30 na kupozwa haraka. Joto hilo huua VVU na bakteria wengi, ingawa hupunguza kingamwili. Chupa ambayo maabara bado inakuta bakteria ndani yake humwagwa. Zilizo salama hurudi kwenye friza, nyuzi 20 chini ya sufuri. Mtoto wa kilo moja huanza na mililita chache tu, kwa mpira unaopitishwa puani au mdomoni hadi tumboni.

Kila chupa huandikiwa namba ya mtoaji. Kwa familia za Kiislamu kumbukumbu hizo zina uzito wa pekee, kwa sababu kunyonya maziwa ya mwanamke mmoja kunaweza kuzuia ndoa kati ya walioyanyonya.

Friza inayozimika kila umeme unapokatika haiwezi kutunza benki. Kaunti isiyo na umeme wa uhakika ianze na kumsaidia mama kukamua maziwa yake mwenyewe na kumbeba njiti kifuani, ngozi kwa ngozi.