Bibi Jennifer Musisi na Jiji la Kampala

Katika mwaka 2011 Serikali ya Uganda iliutwaa mji wa Kampala mikononi mwake, ikaanzisha Mamlaka ya Jiji, na msimamizi wake akawa Bibi Jennifer Musisi, mwanasheria aliyetoka katika idara ya kodi. Barabara zilitengenezwa, na mapato yakazidi ya zamani, haya hayakanushiki. Lakini wachuuzi wa kando ya njia walifukuzwa, na uchungu wa usafi huo waliuonja wao. Meya Mkuu, Bwana Erias Lukwago, alichaguliwa na wananchi. Bibi Musisi aliteuliwa na Rais. Ndio mzizi wa ugomvi wao. Mwezi wa Oktoba 2018 alimwandikia Rais kwamba anajiuzulu, akitaja uchache wa fedha, akaondoka tarehe 15 Desemba.