Mwigizaji wa Joinville na kisa cha wanaume waliovaa magauni

Mwanzoni mwa filamu ya Some Like It Hot ya mwaka 1959, kabla Marilyn Monroe hajatokea, jina la Robert Thoeren hupita upesi pamoja na la Michael Logan, kama watu waliotunga kisa kilichozaa filamu hiyo. Watazamaji wengi hawalioni. Mwenyewe hakuwahi kuliona: alifariki Munich mwaka 1957.

Thoeren alizaliwa mwaka 1903 mjini Brünn, ambao leo ni Brno katika Jamhuri ya Czech, akawa mwigizaji wa Kijerumani. Filamu zilipoanza kusema, kazi ilimfikisha Joinville, kando ya Paris, ambako Paramount ilikuwa na dawa ya ajabu ya tatizo jipya. Filamu bubu iliuzwa kokote. Ulibadilisha maandishi tu, basi. Sasa mwigizaji anaongea Kiingereza na mtazamaji wa Berlin haambulii kitu, na ufundi wa kutia sauti nyingine ulikuwa bado mchanga. Kwa hiyo Joinville walipiga upya filamu nzima. Vyumba ni vilevile vya mbao na turubai, taa zilezile. Wanatoka Wafaransa, wanaingia Wajerumani, halafu Wahispania, mchana na usiku. Thoeren alikuwa kwenye zamu ya Wajerumani. Tropennächte ya 1931, aliyoigiza na Dita Parlo, ni Dangerous Paradise ya Wamarekani iliyovishwa Kijerumani.

Kiwanda hicho hakikudumu. Sauti za kubandika zilipoboreka, nani angelipia filamu moja mara sita? Mwaka 1933 Wanazi wakashika hatamu Ujerumani, na Thoeren akawa mkimbizi. Mpiga fidla akihama huhama na fidla yake. Mwigizaji chombo chake ni ulimi, na ng'ambo ulimi huo hauna mnunuzi. Thoeren akashika kalamu. Yeye na Logan wakatunga kisa cha wanamuziki wawili wasio na kazi, wanaojigeuza hivi na vile wapate nafasi, mpaka wanavaa magauni na kuingia bendi ya wanawake. Richard Pottier akakipiga kwa Kifaransa mwaka 1935, Fanfare d'amour.

Hollywood ilifuata, na miswada kama Rage in Heaven (1941), ambayo binafsi naona hata Ingrid Bergman hakuweza kuiokoa. Lakini magauni yalikataa kufa. Mwaka 1951 Kurt Hoffmann alikipiga kisa kile kwa Kijerumani, Fanfaren der Liebe. Hoffmann huyohuyo ndiye aliyeongoza Felix Krull ya 1957, kutoka riwaya ya Thomas Mann, muswada wake ukiandikwa na Thoeren pamoja na Erika Mann. Shujaa wake ni tapeli anayebadili sura kila anapoingia mlango mpya.

Kisha Billy Wilder, naye mkimbizi kutoka Berlin, akakichukua kisa cha bendi na kukifanya Some Like It Hot. Yeye na mwandishi mwenzake, I. A. L. Diamond, waliona tundu: wale wawili wanaweza kuvua wigi wakati wowote. Wakawafanya mashahidi wa mauaji ya magenge ya Chicago ya 1929, na kuanzia hapo kuvua wigi ni kufa. Ni hila ya fundi, na ndiyo iliyoifanya filamu isichakae.

Katika kisa cha kwanza hakuna bastola. Kuna wanaume wawili na ala zao, mifuko mitupu, wanaouliza bendi inayofuata inataka watu wa namna gani.