Nani Alikamua Zabibu za Rasi?

Tarehe 2 Februari 1659, Jan van Riebeeck, mkuu wa kituo cha Waholanzi pale Rasi ya Tumaini Jema, aliandika kwenye shajara yake kwamba siku hiyo, kwa mara ya kwanza, mvinyo umekamuliwa kutoka kwa zabibu za Rasi. Akamshukuru Mungu. Ukiingia kwenye ziara ya siku moja ya mashamba ya mizabibu nje ya Cape Town, stori hiyo utaisikia kabla gari halijatoka mjini.

Stori ni ya kweli, ila imekatwa pande zote mbili. Rudi nyuma mwaka mmoja. Machi 1658, meli ya Amersfoort ilitia nanga hapo ikiwa na watu zaidi ya 100, wengi wao watoto. Walikuwa wametolewa Angola kwa meli ya Wareno iliyokuwa ikielekea Brazil, Waholanzi wakaiteka njiani na kuchukua mzigo wake, yaani watu. Mei mwaka huo huo meli ya Hasselt ikaleta wengine kutoka Afrika Magharibi. Sasa songa mbele miezi michache baada ya ule mvinyo. Mei 1659 Wakhoikhoi, waliokuwa wakilisha ng'ombe kwenye ardhi hiyo kabla Mzungu yeyote hajaiona, waliingia vitani na kituo. Vita vilipoisha mwaka wa 1660, van Riebeeck mwenyewe aliandika hoja yao: je, wao wangekwenda Uholanzi, wangeruhusiwa kufanya kama nyinyi mnavyofanya hapa? Jibu lake lilikuwa kwamba ardhi imeshapatikana kwa vita, na itabaki hivyo.

Watu wa kulazimishwa kazi, mvinyo, kisha ardhi. Yote ndani ya takriban miaka miwili, yote yakaandikwa na mkono mmoja. Halafu ziara inachukua moja.

Mimi niliifanya ziara hiyo nilipokuwa Cape Town kwa warsha ya waandishi, nikabaki na siku moja ya bure na doo kiasi. Tulikuwa wanane kwenye gari: Wajerumani, Wamarekani, wachumba wawili kutoka Lagos, na mimi kutoka Nairobi. Niliacha chuo mwaka wa pili na historia nimeisoma zaidi nje ya darasa, kwa hivyo nina ile tabia ya kuuliza tarehe hadi watu wachoke. Mwongozaji wetu alikuwa mzee wa miaka hamsini na kitu, mcheshi, anayejua kila kona ya barabara. Jina lake la ukoo lilikuwa jina la mwezi. Wamarekani walicheka wakidhani ni utani. Hakuwaeleza.

Mimi nilijua kidogo. Pale Rasi, watu waliouzwa walipewa majina na waliowanunua. Wengine waliitwa kwa jina la miungu ya Warumi, wengine kwa mahali walikotolewa, wengine kwa mwezi wa kalenda. Hadi leo, kitabu cha simu cha Cape Town kina familia za Januarie, Februarie, September na October. Jina la ukoo ambalo ni tarehe tu, bila babu.

Kituo cha kwanza kilikuwa Stellenbosch, kilomita hamsini hivi kutoka Cape Town. Mji ulianzishwa mwaka wa 1679 na Gavana Simon van der Stel, ambaye aliupa nusu ya jina lake. Ni mji mzuri, sitadanganya. Mialoni mikubwa kando ya barabara, mifereji ya maji, nyumba nyeupe zenye paa la nyasi na kuta za mbele zilizopindwa kama mawimbi. Nyuma yake milima imesimama, ya kijivu na zambarau, karibu mno hadi unahisi ukinyoosha mkono utaigusa.

Tuliambiwa kwamba huo ni ujenzi wa Kiholanzi. Sawa. Lakini mtu wa Lamu au Mombasa akitazama ukuta ule atauliza swali lingine: chokaa kilitoka wapi? Kwetu kilichomwa kutoka kwa matumbawe. Rasi walichoma makombe ya baharini. Kazi hiyo ya kukusanya, kuchoma, kubeba na kupaka ilifanywa na watumwa. Na wengi wa waashi na maseremala wa Rasi walikuwa watumwa, mafundi hasa, baadhi yao kutoka visiwa vya Indonesia. Van der Stel mwenyewe, ambaye anasifiwa kama baba wa mji, mama yake alikuwa binti wa mwanamke wa Kihindi aliyewahi kuwa mtumwa. Hiyo nayo haikutajwa.

Na huo mwaka, 1679, ndio pia uliojengwa Slave Lodge, jumba la watumwa wa Kampuni ya Uholanzi ya Mashariki ya India, katikati ya Cape Town. Leo ni jumba la makumbusho, karibu na bustani ya Kampuni. Mji wa mvinyo na bweni la watumwa vilizaliwa mwaka mmoja.

Hesabu ambayo wanahistoria wanaitumia ni watu wapatao 63,000 walioletwa Rasi kama watumwa kati ya 1652 na 1808. Waligawanyika karibu robo kwa robo: Afrika bara, Madagaska, India, na visiwa vya Indonesia. Kuelekea mwisho, wengi walitoka Msumbiji, na pale Rasi wakaitwa Masbieker. Hapa ndipo stori inaanza kunusa nyumbani. Kati ya 1776 na 1778 meli za Waholanzi zilikuja hadi Pwani ya Waswahili, Zanzibar ikiwemo, kununua watu. Shajara za safari hizo zipo na zimechapishwa. Kwa hivyo yawezekana kabisa kwamba kuna mzabibu uliwahi kupogolewa chini ya mlima Simonsberg na mtu aliyekuwa akiota kwa Kiswahili.

Tulipotoka Stellenbosch tulipanda njia ya Helshoogte. Ukifika juu, bonde lote linafunguka: mizabibu imepangwa kwa mistari hadi miguuni mwa mlima, na kila mtu garini akatoa simu. Ukishuka upande wa pili unapita kijiji kidogo cha nyumba nyeupe na kanisa. Gari halikupangiwa kusimama hapo. Nikauliza kijiji kinaitwaje. "Pniel," mzee akasema, na kwa mara ya kwanza siku hiyo akapunguza mwendo bila kuangalia saa.

Kwenye Biblia yetu ni Penieli, pale Yakobo aliposhindana mieleka usiku kucha akatoka akichechemea. Kijiji kilianzishwa mwaka wa 1843 kama kituo cha misheni cha watu walioachwa huru. Waingereza, waliokuwa wameichukua Rasi, walifuta utumwa tarehe 1 Desemba 1834. Ila kufuta kwenyewe kulikuja na masharti. Watumwa walilazimishwa kubaki kwa mabwana wao miaka minne zaidi wakiitwa wanagenzi, kana kwamba mtu aliyelima mizabibu maisha yake yote alihitaji kufundishwa kulima. Uhuru wenyewe ulifika tarehe 1 Desemba 1838. Bunge la Uingereza lilikuwa limetenga pauni milioni 20 za fidia kwa himaya nzima, na pesa hizo walilipwa wenye watumwa. Watumwa hawakulipwa hata senti. Zaidi ya watu 35,000 wa Rasi walitoka wakiwa na majina ya miezi na mikono mitupu. Wachache walipata kiwanja na kibustani mahali kama Pniel. Wengi walirudi kwenye shamba lile lile, kwa sababu njaa haisubiri.

Mzee alituambia kwa ufupi kwamba ukoo wake umetoka upande huo. Halafu akakanyaga mafuta, maana tulikuwa na miadi ya kuonja.

Kuonja kulikuwa Franschhoek, yaani kona ya Wafaransa. Mwaka wa 1685 Mfalme Louis wa 14 aliwaondolea Waprotestanti wa Ufaransa haki ya kuabudu. Wakatoroka kwa maelfu, na kuanzia 1688 wasiozidi mia mbili hivi wakafika Rasi na kupewa mashamba. Wana mnara wao mkubwa hapo, wenye matao matatu, na stori yao ni ya kweli na ya uchungu: wakimbizi wa dini waliopanda zabibu mwisho wa dunia. Nilikaa chini ya mti na glasi tano mbele yangu, mlima mbele ya macho, nikaonja Pinotage, zabibu iliyobuniwa Stellenbosch mwaka wa 1925 kwa kuchanganya aina mbili za Kifaransa. Ilikuwa tamu. Mvinyo hauna hatia, tuelewane.

Ila nikamuuliza mzee kuhusu dop. Akanitazama kidogo. "Kijana wangu, hiyo umeisikia wapi?"

Dop ni neno la Kiafrikana la kipimo cha kinywaji. Mashambani, sehemu ya mshahara wa mfanyakazi ililipwa kwa mvinyo wa hali ya chini, mara kadhaa kwa siku, kuanzia asubuhi. Ulianza enzi za utumwa, ukaendelea baada yake, maana mtu mlevi haendi mbali. Sheria iliupiga marufuku miaka ya 60, lakini mashamba mengine yaliendelea nao hadi miaka ya 90. Matokeo yake bado yapo: mkoa huu una viwango vya juu kabisa duniani vya watoto wanaozaliwa na madhara ya pombe waliyoipata tumboni. Mzee alisema babu yake alilipwa hivyo. Yeye mwenyewe hanywi. Ameonjesha watu mvinyo kwa miaka mingi na hajameza tone.

Tukirudi, gari lilisimama tena, safari hii kwa ratiba: gereza lililoitwa Victor Verster, ambapo Mandela alitoka kwa miguu tarehe 11 Februari 1990. Kuna sanamu yake, ngumi juu. Wote tukapiga picha, mimi nikiwemo. Mizabibu imefika karibu na barabara hiyo. Nikawaza jinsi ziara ilivyo tayari kusimama kwenye 1990, ambayo ina mwisho mzuri, na kupita 1838 kwa kasi ya kilomita sitini kwa saa. Na hata 1990 haikumaliza kila kitu. Mwishoni mwa 2012, wafanyakazi wa mashamba ya zabibu za kula huko De Doorns waligoma kwa sababu kima cha chini kilikuwa randi 69 kwa siku. Walidai 150. Wakapata 105.

Utaniuliza hii inatuhusu nini. Nenda supamaketi yoyote ya Nairobi, simama mbele ya rafu ya mvinyo, uhesabu chupa na maboksi yaliyoandikwa Afrika Kusini. Halafu kumbuka kwamba sisi pia tunauza ziara kama hizi. Kule Limuru utatembezwa kwenye chai, utapewa chakula cha mchana na hadithi ya nani alipanda mche wa kwanza. Uliza ardhi ilikuwa ya nani na nani alichuma.

Sisemi watu wasiende. Nendeni, bonde lile ni zuri kuliko picha. Ila anzeni na Slave Lodge asubuhi kabla ya kupanda gari, na mkifika Pniel ombeni kusimama. Dakika ishirini zinatosha. Mtakuta dereva mwenye jina la mwezi, na akiulizwa, atazungumza.