Tumbusi wa Rumonge na Nani Aliyetangulia

Huko Gatete, kwenye mashamba ya michikichi ya Rumonge, Burundi, utasimuliwa habari tatu juu ya ndege mmoja. Ya kwanza: ni mwizi aliyefuata mashamba ya Wabelgiji. Ya pili: yupo hapa tangu enzi na enzi, na michikichi ya kwanza aliiotesha yeye kwa kudondosha kokwa. Ya tatu ni fupi kuliko zote: ndege huyo hayupo, mnayemwona ni furukombe. Haziwezi kuwa kweli zote tatu. Je, kuna hata moja iliyo kweli?

Nilianza na ya tatu, kwa sababu ikithibitika hakuna safari tena. Furukombe anajulikana na kila mtu katika pwani hii ya Ziwa Tanganyika: kichwa cheupe, kifua cheupe, mkia mweupe, tumbo la rangi ya hudhurungi, na ukelele ambao mvuvi anautambua bila kuinua macho kwenye wavu wake. Tumbusi anayekula chikichi naye ana kichwa cheupe, na hapo ndipo watu hukosea. Lakini ni mdogo zaidi, kilo moja na nusu hivi, na weupe wake unashuka kutoka shingoni hadi tumboni bila kukatizwa na hudhurungi. Ngozi tupu kuzunguka jicho lake ni nyekundu. Mkia ni mweusi wenye ncha nyeupe. Kwa hiyo anayetaka kuwatenganisha aache kichwa, atazame mkia. Shida ni wachanga: kwa miaka mitatu au minne ya mwanzo huwa hudhurungi mwili mzima, na hata mtazamaji mzoefu anaweza kuwapa jina la tai mwingine yeyote. Katika hao “tai wekundu” ambao wakwezi wanasema huwaona juu ya makole, wangapi ni tumbusi ambao hawajabadili manyoya?

Asubuhi kwenye michikichi ina kelele za mnana, ambao huchana makuti kuwa nyuzi na kusuka viota kwa makumi katika mti mmoja, huku mwenye shamba akiwalaani. Chini ya makuti makavu wamo ndege wadogo kama mbayuwayu, wembamba, wenye mkia wa panda. Hao hugandisha kiota kwenye jani kwa mate yao, na mayai pia huyagandisha, maana upepo ukivuma jani zima hupinduka. Ningeweza kuishia kwao. Kisha akatua mwenye mkia mweusi. Alichomoa tunda kwenye kole, akalikanyaga kwa mguu mmoja, akachuna nyama ya nje kwa mdomo, na kokwa likaanguka. Furukombe hafanyi hivyo. Habari ya tatu ikafa pale pale. Lakini kuwapo leo si kuwapo tangu zamani; ametua Rumonge tangu lini?

Tuulize kwanza kama ni mwizi. Watafiti waliochunguza chakula chake wanasema mimea, hasa matunda ya mchikichi na ya mwale, ni zaidi ya nusu ya mlo wa mkubwa, na kwa mchanga inapita sehemu tisa katika kumi. Kinachobaki ni kaa, samaki, konokono, na mizoga mara chache. Tumbusi asiyetegemea mizoga ni kioja katika ukoo wao. Anakula mawese kabla hayajakamuliwa, hilo halina ubishi. Hata hivyo hutaga yai moja tu, na sikuona shamba lililokuwa na kundi lake. Hasara yake haifiki hata karibu na ile ya mnana. Basi kwa nini lawama zimwangukie yeye?

Niligeukia maandishi. Orodha kubwa ya ndege wa Burundi ilichapishwa Tervuren, Ubelgiji, mwaka 1966. Mwaka 1981 ikafuata makala ya nyongeza na masahihisho, ishara kwamba hata wataalamu hawakuiona orodha ile kuwa neno la mwisho. Tumbusi wetu anahesabiwa leo miongoni mwa ndege wa nchi hii. Lakini orodha ni ushahidi wa siku ndege alipoandikwa, si wa siku alipofika. Na ukirudi nyuma zaidi, kwenye ngozi za ndege zilizohifadhiwa makumbusho, unakutana na vibandiko vya zamani ambavyo havisemi kilima wala kijito. “Tanganyika” peke yake yaweza kuwa ziwa, yaweza kuwa nchi ya ng'ambo ya mashariki, yaweza kuwa wilaya ya Kongo. Mtu atafikaje Gatete kwa ramani kama hiyo?

Njia nyingine ni kuufuata mti badala ya ndege. Mwaka 1858 wasafiri wawili Waingereza walifika Ujiji, wakapanda kaskazini kwa mitumbwi, kisha wakakata ziwa kuelekea Ubwari, upande wa Kongo ya leo. Mmoja wao alichapisha kitabu miaka miwili baadaye, na humo mchikichi upo, ukimea kando ya ziwa na kutoa mafuta. Wabelgiji walilitwaa eneo hili mwaka 1916. Kwa hiyo dai kwamba wao ndio walioleta mchikichi ziwani halisimami. Waliongeza mashamba katika uwanda wa Imbo, na baada ya uhuru zikaja aina mpya zenye mazao makubwa. Kuongeza ni jambo jingine. Wamisionari Wakatoliki walioweka kituo Rumonge mwaka 1879 wangeweza kutusaidia, lakini kituo kilivunjika Mei 1881, muda mfupi mno kwa mtu kuanza kuandika juu ya ndege. Tunabaki na Ujiji, na Ujiji si Rumonge. Je, wenyeji wanakumbuka nini?

Mzee mmoja aliyerudi kutoka Ulyankulu, Tanzania, alinijibu bila kusita. Alikimbia mauaji ya mwaka 1972 akiwa kijana, na ndege alikuwapo kwenye michikichi ya babu yake. Nikamuuliza anajuaje kwamba hakuwa furukombe. “Furukombe hali chikichi, mwanangu,” akasema, na kwa kweli hilo ni jibu bora kuliko vitabu vingi. Jirani yake, aliyepata shamba baada ya mwaka ule, ana hakika kwamba ndege alikuja na miti mipya. Nilisikiliza wengine, na kadiri nilivyosikiliza ndivyo nilivyoona mgawanyiko huo huo ukijirudia: aliyerudi anasema ndege ni wa zamani, aliyekutwa hapa anasema ndege ni mgeni. Katika mkoa ambako kesi za ardhi kati ya waliorudi na waliokutwa zimechukua miaka, kuuliza nani alitangulia si kuuliza juu ya ndege tu. Sisemi kuna anayedanganya. Nasema ushahidi wote wawili una mzigo juu yake. Ni wapi pengine tunaweza kuona jambo hili hili likitokea bila mzigo huo?

Mtunzini, Afrika Kusini. Mwaka 1916 mbegu za mwale kutoka Ghuba ya Kosi zilipandwa pale, nia ikiwa wafungwa watengeneze mifagio kwa makuti yake. Mifagio haikufaulu. Miti ilistawi, mwaka 1942 ikatangazwa kuwa urithi wa taifa, na tumbusi wakaja wakakaa, kusini kabisa mwa masafa yao. Hapo hakuna ubishi: mtu alipanda, ndege akafuata. Mfano huu unamtia nguvu jirani yule wa Gatete. Ikiwa ndege anaweza kuhamia miti ya gereza, kwa nini asihamie mashamba ya Rumonge?

Ila mfano mmoja hauamui. Gombe, kwenye pwani hii hii ya ziwa, kusini kidogo mwa mpaka wa Burundi, eneo lilianza kuhifadhiwa mwaka 1943 na utafiti wa sokwe ukaanza mwaka 1960. Michikichi imo mabondeni, sokwe wanaila, na tumbusi wapo, bila shamba la kampuni wala mradi wa mbegu. Pemba nako, katika msitu wa Ngezi, yumo. Kinachohitajika basi ni mchikichi au mwale wa kutosha, na maji karibu, hata pasipo shamba kubwa. Je, kabla ya mashamba makubwa Rumonge ilikuwa na miti ya kutosha?

Hapa naegemea upande mmoja. Asili ya mchikichi ni Afrika Magharibi na Kati, na chavua iliyozama katika matope ya maziwa ya huko inaonyesha ulienea sana miaka 2,500 hivi iliyopita, misitu ilipofunguka. Hewa ikitakata, kutoka Rumonge unaiona milima ya Ubwari. Watu wamevuka maji hayo kwa mitumbwi tangu kabla ya mtu yeyote kuandika habari zao, wakibeba samaki, chumvi na mafuta. Naona ni rahisi zaidi kuamini kwamba watu walileta kokwa, wakapanda karibu na nyumba, na ndege akafuata, karne nyingi kabla ya Mbelgiji na kabla ya babu wa mzee wangu. Habari ya pili inampa ndege kazi ya mkulima, na hiyo siikubali: nilichoona Gatete ni kokwa kuanguka chini ya mti ule ule uliolizaa. Kuna ndege na nyani wanaolisafirisha mbali zaidi, na mbali kuliko wote analisafirisha binadamu. Nani atakubali kulipia kuchimba matope ya kinamasi kimoja cha pwani ya Burundi, ili chavua iseme badala yetu?

Wakati tukisubiri, kuna kazi isiyohitaji maabara. Tumbusi hujenga juu ya miti mirefu, na michikichi mirefu ya zamani ndiyo inayokatwa kwanza ili kupisha mifupi ambayo mkwezi anaivuna kwa urahisi. Msitu wa Kigwena, kusini mwa mji wa Rumonge, bado una miti ya kimo hicho. Viota havijifichi sana, navyo hutumiwa tena na tena, kwa hiyo mtu mwenye subira anaweza kuvihesabu mwaka huu na kurudi mwakani. Swali la nani alitangulia lina wasemaji wa kutosha Gatete. Hili jingine sikumkuta hata mmoja anayelishughulikia: tumbusi analala mti gani, na mti huo ni wa nani?