Mahjub bin Adam: Mtoto wa Dar es Salaam katika filamu za Ujerumani

Novemba 1884, Carl Peters alishuka Saadani, kaskazini ya Bagamoyo, akaingia bara na wenzake wachache kutafuta saini za machifu. Karatasi alizorudi nazo kutoka Uzigua, Nguru, Usagara na Ukami ndizo Ujerumani ilizozitumia kudai nchi hii, na Bagamoyo ikawa makao makuu ya utawala huo hadi 1891. Ukatili wake ulimpatia jina la Mkono wa Damu.

Mwaka 1941, serikali ya Hitler ilimfanya mtu huyo shujaa wa sinema. Filamu iliitwa Carl Peters, iliongozwa na Herbert Selpin, na Peters aliigizwa na nyota Hans Albers. Katika filamu hiyo Peters anaandamana na Mwafrika aitwaye Ramasan. Aliyeigiza nafasi hiyo alizaliwa Dar es Salaam.

Jina lake ni Mahjub bin Adam Mohamed, ingawa Wajerumani walimwandika Bayume Mohamed Husen. Alizaliwa 1904, baba yake akiwa askari wa jeshi la wakoloni. Vita Kuu ilipoanza mwaka 1914, mtoto wa miaka kumi alimfuata baba yake jeshini. Alijeruhiwa, akatekwa na Waingereza, na baada ya vita akafanya kazi ya uhudumu melini.

Mwaka 1929 alifika Berlin na dai mkononi: mishahara ya vita ambayo yeye na baba yake hawakuwahi kulipwa. Wizara ya Mambo ya Nje ilimjibu kwamba muda wa kudai umepita. Hakurudi nyumbani. Alipata kazi ya mhudumu katika Haus Vaterland, jumba kubwa la starehe la Berlin, akaoa Mjerumani mwaka 1933, na chuo kikuu alisaidia kufundisha Kiswahili kwa Wajerumani waliotaka kuja Afrika.

Sinema ilimpa riziki nyingine. Alionekana katika filamu zaidi ya ishirini, miongoni mwao Die Reiter von Deutsch-Ostafrika ya 1934 na Zu neuen Ufern ya 1937, aliyoigiza nyota Zarah Leander. Mara nyingi alipewa nafasi ndogo: mtumishi, mhudumu, mbeba mizigo. Watayarishaji walihitaji sura yake ili Afrika yao ya studio iaminike, lakini maneno ya maana waliyaweka vinywani mwa wengine.

Nje ya studio hali ilizidi kubana. Aliomba nishani ya askari waliopigana mstari wa mbele, akanyimwa. Vita ya pili ilipoanza 1939 alijitolea kwenda jeshini, akakataliwa. Kisha mwaka uleule wa filamu ya Peters, Gestapo, polisi wa siri wa Hitler, walimkamata kwa tuhuma za kuwa na uhusiano na mwanamke Mjerumani, jambo walilolihesabu kuwa kuchafua damu ya taifa. Alipelekwa kambi ya mateso ya Sachsenhausen, akafia humo tarehe 24 Novemba 1944.

Berlin imeanza kumkumbuka. Tangu 2007, mbele ya nyumba namba 193 ya mtaa wa Brunnenstraße, kuna jiwe dogo lenye bamba la shaba, upana wake sentimita 10, lililochongwa jina lake. Mwaka 2013 mtengenezaji filamu Eva Knopf alitoa Majubs Reise, filamu ya kumbukumbu inayomtafuta ndani ya picha zile za zamani.

Sisi nasi tunawajibika. Bagamoyo ndiyo yenye TaSUBa, taasisi inayowafundisha vijana wetu uigizaji. Kijana anayejifunza kusimama mbele ya kamera anastahili kujua kwamba mtoto wa pwani hii alikwisha kusimama huko miaka ya thelathini, na kwamba aliwekwa nyuma kwa makusudi katika picha nyingi. Mahjub afundishwe darasani kwa jina lake kamili, na filamu zile zitazamwe upya, safari hii macho yetu yakimfuata yeye.